Niliyojifunza kwa Ed Bishop: kwa waigizaji wageni mnaoanza London

Wadogo zangu mnaotua London na ndoto ya kuigiza huniuliza swali lilelile: je, lafudhi yangu ya Kiswahili itaninyima kazi? Jibu langu hulianzia mbali kidogo, kwa Mmarekani mmoja ambaye lafudhi yake ndiyo iliyomlisha hapa Uingereza kwa zaidi ya miaka arobaini. Aliitwa Ed Bishop. Wengi wenu hamjawahi kumsikia, na ndiyo sababu namchagua yeye. Maisha ya nyota hayakufundishi mengi unapoanza. Ya mwigizaji msaidizi aliyepata kazi mwaka baada ya mwaka yana somo.

Alizaliwa Brooklyn, New York, mwaka 1932. Jeshini aliwekwa kwenye redio ya askari kule Newfoundland, halafu akasomea uigizaji Boston University. Mwaka 1959 alipata ufadhili wa Fulbright, akaja London kusoma kwenye chuo cha uigizaji cha LAMDA, akabaki. Jina la kuzaliwa lilikuwa George, ila chama cha waigizaji, Equity, hakikukubali wanachama wawili watumie jina moja la kazi, na George Bishop mwingine alikuwa ameshatangulia. Akawa Edward, mwishowe Ed. Kabla hujachapisha picha zako wala kufungua ukurasa wako, uliza kwanza kama jina lako liko huru. Msidhani majina yetu ni adimu mjini hapa.

Sasa, kwa nini Mmarekani apate kazi Uingereza, nchi iliyojaa waigizaji hodari? Kwa sababu kulikuwa na fedha, na fedha hizo zilimhitaji mtu kama yeye. Tangu miaka ya 1950 sehemu ndogo ya bei ya kila tiketi ya sinema ilikusanywa na kurudishwa kwa watayarishaji wa filamu zilizohesabiwa kuwa za Uingereza. Kampuni za Hollywood zikamiminika kwenye studio za hapa: Borehamwood, Pinewood na Shepperton. Lakini ili filamu ihesabiwe, malipo ya wafanyakazi yalipaswa kwenda kwa sehemu kubwa kwa raia na wakazi wa Uingereza na Jumuiya ya Madola. Hadithi zenyewe zilijaa majenerali wa Marekani, wanaanga, wasoma habari na maofisa wa ubalozi. Nani amsafirishe mtu kutoka California aje kusema maneno matatu? Humo ndimo Bishop alimoingia, pamoja na rafiki yake Shane Rimmer, Mkanada. Wawili hao walizoea kujiita kwa utani Wamarekani wa kukodi.

Kwa hiyo jifunzeni mapema kuuliza: nani analipa, na sauti yangu anaihitajia nini? Sauti ya Kiswahili inatakiwa hapa kuliko watu wanavyodhani. Inatakiwa kwenye filamu zenye mhusika wa Afrika Mashariki, masimulizi ya filamu za elimu, michezo ya kompyuta, matangazo ya afya kwa jamii zetu. Mimi nimekula kupitia hizo. Tatizo utakalokutana nalo ni kuambiwa ulete "lafudhi ya Kiafrika", basi, kana kwamba bara zima linazungumza kwa kinywa kimoja. Usikasirike ukaondoka. Uliza mhusika katoka wapi, kasoma wapi, kaishi na nani, kwa maana Kiingereza cha mtu wa Mombasa si cha mtu wa Lubumbashi, na mwongozaji mwenye akili hufurahi anapokutana na mwigizaji aliyelifikiria hilo kabla yake.

Lafudhi ikishakuitisha kwenye usaili, umaliziaji ni wa ufundi. Hapa nataka tukae kidogo.

Mwaka 1970 Bishop alikuwa kiongozi wa mfululizo mzima wa televisheni, UFO, akicheza Kamanda Straker kwa vipindi 26. Msimu wa pili haukuja. Mwaka 1971 tunamkuta katika Diamonds Are Forever, filamu ya jasusi James Bond, kwa dakika chache tu. Zitafuteni dakika hizo mzitazame. James Bond amejipenyeza kwenye maabara jangwani Nevada. Anakutana na Klaus Hergersheimer, mfanyakazi wa kawaida kabisa anayekagua beji za mionzi. Klaus anashughulika naye kidogo, anaendelea na shughuli zake. Bond naye anaingia chumba cha pili na kujitambulisha kwa jina hilohilo la Klaus Hergersheimer. Akishatoka, Klaus mwenyewe anaingia, na mwanasayansi aliyemo anabaki ameduwaa: yule wa kwanza alikuwa nani?

Hebu pimeni kazi aliyopewa Bishop. Mara ya kwanza anampa shujaa jina la kuazima. Mara ya pili, kwa kuingia tu, anamuumbua. Nafasi hiyo ingeweza kumshawishi mwigizaji achekeshe kwa nguvu ili akumbukwe. Bishop anacheza mtu aliyeko kazini, mwenye orodha ya vyumba vya kukagua, na kichekesho kinajitokea chenyewe kwa kuwa yeye hakijui. Angechekesha, watazamaji wangemwangalia yeye, hatari ya Bond ingeyeyuka. Ukipewa mistari mitano, isome skripti yote, au angalau tukio lililotangulia na linalofuata, ujiulize: nikiondolewa hapa, hadithi inakwama wapi? Pale inapokwama ndipo penye kazi yako. Nimewahi kucheza mkalimani kwenye kambi ya wakimbizi, nafasi ya siku moja, na swali hilo lilinitosha: mkalimani akisita kabla ya kutafsiri, mtazamaji anajua habari ni mbaya kabla haijatamkwa. Kusita huko hakukuandikwa popote.

Jambo la pili la kumuiga ni sauti. Mwaka 1967, kabla ya UFO, Bishop alikuwa sauti ya Captain Blue katika Captain Scarlet and the Mysterons, mfululizo wa vikaragosi wa Gerry Anderson wenye vipindi 32. Sauti zilirekodiwa kwanza. Mkanda ndio ulioendesha midomo ya vikaragosi kwa umeme wakati wa kupiga picha. Kikaragosi hakikunji uso wala hakitoi chozi, hivyo kila hofu na kila uchovu vilipaswa viwe tayari kwenye sauti. Baadaye, mwishoni mwa miaka ya 1970 na tena mwaka 1988, BBC walimpa mhusika mkuu redioni, mpelelezi Philip Marlowe. Kwenye filamu alikuwa bado mtu wa nafasi ndogo. Redioni alibeba hadithi yote mabegani, na ninaamini hakuna mahali alipong'aa zaidi.

Sisi tumelelewa na redio. Michezo ya kuigiza ya redio tuliisikiliza nyumbani tukiwa tumekaa mkao wa kula. Usiione kazi ya sauti kuwa ndogo kuliko ya kamera. Zoea kusoma ukurasa mgeni bila kujikwaa, zoea kukaa umbali uleule na maikrofoni hata unapopandisha sauti, na geuza karatasi kimyakimya. Anayefanya hivyo huitwa tena, maana anawapunguzia watu saa za studio.

Mwingine wa kumsoma ni William Hootkins, mtoto wa Dallas, Texas, naye mhitimu wa LAMDA. Star Wars ya mwaka 1977, iliyopigwa studio za Elstree, ilimpa sekunde chache kama rubani Porkins. Mwaka 2003, akiwa ameshavuka miaka hamsini, alimcheza mwongozaji wa filamu Alfred Hitchcock katika tamthilia Hitchcock Blonde pale ukumbi wa Royal Court, ikahamia West End, eneo la kumbi kubwa za maigizo. Alikuwa mtu mnene, na badala ya kusubiri nafasi za watu wembamba alizidi kuuchonga ufundi wake hadi ikaja nafasi iliyomhitaji hasa.

Yaliyobaki ni ya karatasi. Viza ya mwanafunzi kwa kawaida hairuhusu kujiajiri wala kazi ya kulipwa ya uigizaji, hata ya siku moja, kwa hiyo soma masharti yako kabla ya kusema ndiyo. Spotlight ndiyo orodha ya waigizaji ambayo wateuzi hupitia, ipo tangu mwaka 1927. Jiandikishe unapokuwa na sifa. Wakala wa kweli hukata fungu lake kwenye malipo uliyopata, na anayedai pesa kabla hujafanya kazi muage kwa adabu. Mwigizaji hapa huhesabiwa kuwa amejiajiri mbele ya kodi, basi tunza risiti za nauli na za picha tangu wiki ya kwanza. Na kwenye kazi za sauti, soma kifungu kinachosema rekodi yako itatumika wapi na kwa muda gani, pamoja na kama inaweza kutumika kufundishia mashine kuiga sauti yako. Kama kifungu hicho hakieleweki, Equity huwasomea wanachama wake mikataba. Wapelekee kabla hujatia saini.