Jibu: Je, watu wa kambini nao waandikwe kwenye fomu ya Pennsylvania?

Dada, umeuliza kama ni lazima kuandika hata wale mlioishi nao kambi ya wakimbizi ya Nyarugusu, ili upate kazi ya kulea watoto hapo Lancaster. Ndiyo, waandike. Fomu hiyo, CY 113, ndiyo ya kuomba cheti kwamba huna rekodi ya kudhulumu watoto, nayo inataka kila uliyewahi kuishi naye nyumba moja tangu 1975. Wewe uliyezaliwa baadaye unaanzia kuzaliwa kwako. Wazazi, ndugu, mume hata mliyeachana, shangazi aliyekulea, rafiki mliyepanga naye. Kila mmoja jina, uhusiano na umri wake wa sasa. Majirani wa kambini hawahusiki, usijichoshe.

Anwani isikutoe jasho. Wanakubali isiyo kamili, kwa hiyo "Nyarugusu, Kigoma, Tanzania" inatosha.

Penye kazi ni majina. Wengi wetu tuna jina la ubatizo, la baba, na lile karani alilokosea akaligandisha kwenye karatasi. Juu andika kama lilivyo kwenye kitambulisho chako cha sasa, mengine yote yaingie sehemu ya majina ya zamani. Tarehe ya kuzaliwa vilevile: kama hati zako zinasema 1 Januari, andika hiyo hiyo, hata kama mama anacheka.

Kwa kazi ya mshahara ada ni dola 13. Jaza mtandaoni ukiweza, karatasi ya posta huchelewa. Cheti kinadumu miezi 60. Mwajiri mpe nakala, halisi ubaki nayo. Alama za vidole za FBI, wapelelezi wa serikali kuu ya Marekani, ni ombi jingine kabisa.