Barua kwa mwanangu: unataka nini?

Mwanangu mpendwa,

Barua yako nimeisoma mara tatu. Unasema kwenye mafunzo ya ndoa mchungaji aliandika ubaoni maneno manne ya Kigiriki, eros la mahaba, philia la urafiki, storge la wazazi na watoto, na agape, akawaeleza kwamba Wagiriki wa kale waligawa upendo mafungu manne, na hilo la mwisho ndilo la kimungu. Sasa unaniuliza: huu ulio nao kwa huyo kijana ni wa fungu gani, na je, unatosha kufunga ndoa?

La kutosha nitalizungukazunguka, unanijua. La mafungu nalimaliza upesi. Orodha ile huikuti kwa wanafalsafa wao, Plato wala Aristotle; imevuma kwa sababu ya kitabu cha Kiingereza cha mwaka 1960. Wagiriki wenyewe hawakujenga kuta hizo. Fungua 2 Samweli 13, pale Amnoni anapojilaza kitandani akijifanya mgonjwa, anamtenza nguvu Tamari dada yake, kisha anamchukia kuliko alivyokuwa amempenda. Wayahudi walipoitia habari hiyo katika Kigiriki, huo upendo wa Amnoni waliuita agape. Ndiyo, agape. Neno halimlindi mtu, mwanangu. Usimbishie mchungaji, anawatakia mema. Lakini mwanamume hapimwi kwa kamusi.

Mimi swali langu ni lile lile la siku zote: unataka nini? Usinieleze unampenda vipi. Niambie unataka nini.

Na swali hilo si langu, nimeliokota kwa Socrates, mwalimu wa Plato. Mwaka 416 KK huko Athens, kijana mmoja mtunzi wa tamthilia za msiba, Agathon, alishinda tuzo, akaalika watu nyumbani. Jana yake walikuwa wamekunywa mno, vichwa vizito, hivyo wakakubaliana wanywe polepole na kila mmoja atoe hotuba ya kumsifu Eros, mungu wao wa mapenzi. Binti mpiga zumari akaambiwa aende zake, akapige peke yake au kwa wanawake wa ndani. Plato ndiye aliyeyaandika, katika kitabu chake Symposium, miaka mingi baadaye. Ujue pia, kabla hujawafanya washenga wako, kwamba waliokuwa wakinena pale wengi walisifia mapenzi ya mwanamume mzima kwa kijana wa kiume, na wake zao hakuna aliyewauliza kitu.

Hotuba unayoijua bila kujua kwamba unaijua ni ya Aristophanes. Zamani binadamu alikuwa mviringo, mikono minne, miguu minne, nyuso mbili. Akaleta kiburi, Zeus mkuu wa miungu akampasua katikati kama yai linavyokatwa kwa unywele, mungu Apollo akaivuta ngozi na kuifunga pale kitovuni kama mdomo wa mfuko. Tangu hapo kila nusu inatafuta nusu yake. Wewe mwenyewe umeniandikia "ubavu wangu" mara mbili katika ukurasa mmoja. Sawa. Ila kumbuka msemaji ni mtunzi wa vichekesho, na zamu yake ilipofika alikuwa na kwikwi hata daktari aliyekaa karibu akampa dawa tatu: zuia pumzi, ikikataa, sukutua maji kooni, ikikataa kabisa, jitekenye pua upige chafya. Ya chafya ndiyo iliyomponya. Ndipo akatupa hadithi ya nusu na nusu, na dunia nzima ikaiamini.

Jibu la hadithi hiyo limo humo humo kitabuni, na wengi hulipita. Socrates anasema alifundishwa na mwanamke mmoja, Diotima wa Mantinea, na huyo mama anasema hivi: mtu hapendi nusu wala kizima, isipokuwa kiwe chema. Watu hukubali kukatwa mguu wao wenyewe au mkono wao wenyewe wakiona umeharibika. Kwa hiyo "huyu ni wangu" bado si sababu. Mguu nao ni wangu.

Sasa namna Socrates anavyomhoji Agathon, kwa sababu unaweza kujihoji hivyo hivyo usiku, taa imezimwa. Anauliza: upendo ni wa kitu fulani, au si wa kitu? Ni wa kitu. Hicho kitu, unakitamani? Ndiyo. Unakitamani ukiwa nacho, au ukiwa umekikosa? Nikiwa nimekikosa. Hapa ndipo watu wanaposhuka kwenye basi kabla ya kituo. Wanasema: kumbe nikishampata, shauku imekwisha, ndoa ni kaburi la mapenzi. Lakini Socrates ana swali moja zaidi. Mwenye afya anaposema "nataka afya", anataka nini? Anataka hii aliyo nayo leo awe nayo na kesho. Na kesho hakuna aliyenayo. Basi hata uliye naye mezani unaweza kumtamani bado, kwa sababu miaka yake ijayo hujapewa. Swali hilo la nne usiliruke.

Diotima anaendelea na ngazi. Mtu huanza na mwili mmoja mzuri, kisha anaona uzuri wa huu na wa ule ni ndugu, akafika miili miwili, kisha yote, kisha roho, kisha desturi na sheria, kisha elimu, mwisho Uzuri wenyewe, usiozaliwa wala kufa. Ni maneno mazuri sana. Na mimi sijawahi kumsamehe. Kwa sababu anasema wazi kwamba ukifika kwenye miili yote, ule moto wako kwa yule mmoja uupunguze, umwone ni kitu kidogo. Kidogo! Huyo mmoja, mwenye kovu kwenye nyusi na kikohozi chake, anaachwa ngazi ya kwanza ameshika nini? Ingawa, ngoja, nisimwonee. Anasema pia kwamba pale chini, kwa yule mmoja, unatakiwa uzae maneno mema, na kwamba upendo kazi yake si kumiliki kizuri bali kuzaa ndani ya kizuri. Labda hasemi umwache. Labda anasema umwache apumue. Siku zingine nasoma hivi, siku zingine vile.

Lakini kinachoniuma ni kinachofuata. Hotuba ya Diotima haijapoa, mlango unagongwa kwa kishindo, Alcibiades anaingia amelewa chakari, taji la majani na maua limemwinamia, binti mmoja mpiga zumari amemshika asianguke. Mwanamume mzuri kuliko wote Athens. Anakunywa chombo cha kupoozea divai, zaidi ya lita 2, kwa mkupuo, anamjazia Socrates naye akanywa wala hakulewa. Kisha anakataa kumsifu Eros, anamshtaki Socrates. Anaeleza mbele ya watu alivyomtega miaka ile ya ujana: kwanza akahakikisha wamebaki peke yao, Socrates akazungumza kama kawaida akaenda zake. Kisha wakapigana mieleka, wala hakupata kitu. Kisha akamwalika chakula, Socrates akala akaondoka. Mara ya pili akamchelewesha kwa maneno mpaka usiku mwingi, akamwambia lala hapa. Taa ikazimwa, watumishi wakatoka. Akamwambia wazi. Socrates akamjibu kwamba ikiwa kweli ameona uzuri wa namna hiyo ndani yake, basi anataka kubadilishana shaba kwa dhahabu. Alcibiades akamfunika kwa joho lake, akaingia chini ya lile joho chakavu la mzee, akamkumbatia usiku kucha. Asubuhi akaamka kama aliyelala na baba yake au kaka yake mkubwa.

Na anayasimulia hayo miaka mingi baadaye, na bado hajapona. Waliomsoma Plato walijua yaliyofuata: 415 KK akaongoza merikebu kwenda Sicily, akaitwa arudi kujibu mashtaka, akakimbilia kwa adui Sparta, 404 KK akauawa Frygia, katika Uturuki ya leo.

Kwa muda mrefu nilimlaumu Socrates. Nilisema, huyu alijua kuupenda Uzuri, kijana aliye ubavuni pake akamshinda. Kisha nikaona sentensi ndogo ambayo Alcibiades mwenyewe anaitaja na kuipita mbio. Usiku ule ule Socrates alimwambia: siku zijazo tutafikiri pamoja, tufanye litakaloonekana bora kwetu sote wawili. Mwanangu, hiyo si kukataliwa. Ila Alcibiades alitaka hekima kwa usiku mmoja, kwa kubadilishana, kama sokoni. Hakujiuliza anataka nini. Bado naona angeshikwa mkono kidogo. Lakini basi.

Nitakupa kipimo cha Aristotle, maana yeye ana mikono ya fundi. Anasema hamu ya urafiki huja haraka, urafiki wenyewe hauji haraka. Watu hawajuani mpaka wale chumvi pamoja. Kwetu aliyekula chumvi nyingi ni mzee. Kwao ni mwenzio. Mahali pengine anataja hata kiasi, medimno moja, kipimo cha Athens cha lita 50 na kidogo. Nimepiga hesabu: ni karibu kilo 60. Watu wawili wakila gramu 5 kila mmoja kwa siku, kama madaktari wanavyotuasa, wanaimaliza kwa miaka 16 na miezi. Ninyi mna miezi 14. Ni kilo 4 na robo, kama mlikula pamoja kila siku, na najua hamkula.

Usinielewe kwamba nasema msubiri miaka 16. Baba yako angecheka. Nasema tu, siku ukimwambia "hili tulifikirie pamoja", mtazame amesikia nini: amesikia mlango umefunguliwa, au amesikia hapana? Mimi pale Pasaka niliona kitu, ulipomwambia habari ya ile kazi ya Mwanza na yeye akageukia simu. Lakini siku mbili ni siku mbili, na pengine alikuwa na lake. Sisemi. Ukinibana nitasema, kwa hiyo usinibane.

Njoo naye Desemba mkae wiki mbili. Ni gramu 140.

Mama yako