Muulize Mwalimu: Umeiuliza Kazi Siku Yake Ikoje?

Tangu matokeo ya kidato cha nne yatoke, simu yangu haitulii. Mchana wanaandika watoto. Usiku, watoto wakishalala, wanaandika wazazi. Nimefundisha sekondari Lindi na Mtwara kwa miaka mingi, na sehemu kubwa ya miaka hiyo nilikuwa pia mwalimu wa ushauri nasaha. Jambo moja linajirudia karibu kila barua: watu wanachagua jina la kazi. Hawaulizi mwenye kazi hiyo anashinda akifanya nini, kuanzia asubuhi anapofungua mlango hadi jioni anapofunga. Leo najibu sita.

Shikamoo Mwalimu. Mimi ni binti wa Tandahimba, nimemaliza kidato cha nne. Nina A ya Jiografia, B ya Baiolojia, C ya Kemia na D ya Fizikia. Baba, mkulima wa korosho, anataka nisome PCB (Fizikia, Kemia na Baiolojia) niwe daktari. Mimi napenda mambo ya mimea, na Fizikia inanitoa machozi. Nimwambieje?

Marahaba, mwanangu. Kwanza mpe baba yako haki yake. Mkulima wa korosho amewaona kwa macho yake watu wanaoheshimiwa kijijini: daktari, mwalimu, karani wa chama cha msingi. Anakuchagulia katika kazi alizoziona. Nia yake ni njema, ila kazi alizoziona ni chache.

Sasa tuongee ukweli. Udaktari wa binadamu unadai ufaulu wa kidato cha sita katika masomo yote matatu, Fizikia, Kemia na Baiolojia. Fizikia inayokutoa machozi leo itakuwa nzito zaidi kidato cha tano. Ukichukua CBG, unabaki na Kemia, Baiolojia na Jiografia uliyopata A, lakini mlango wa udaktari wa binadamu unafungwa. Usijidanganye hapo, na baba usimfiche. Inayofunguka ni kilimo, lishe, mazingira, misitu na ualimu wa sayansi.

Kwetu huku hiyo siyo milango ya kujifariji. Naliendele, kilomita chache tu kutoka Mtwara mjini, kuna kituo cha utafiti wa kilimo kinachoshughulika na korosho, ufuta na karanga. Watu wa pale hushinda wakikagua majani, wakibebesha miche, wakihesabu maua yaliyoshika na yaliyokauka. Salfa ambayo baba yako anapukuta kila mwaka kupambana na ugonjwa wa ubwiri unga, matumizi yake yamefanyiwa utafiti pale pale. Kwa hiyo usianze kwa kusema "sitaki udaktari", hapo atasikia dharau. Mwambie unataka kuwa mtu anayejua kwa nini mikorosho yake ya bondeni inakausha maua wakati ya mlimani inazaa. Hilo ni jambo linalomkosesha usingizi, atakaa akusikilize. Kama unaogopa kuanza peke yako, mwombe shangazi au baba mdogo atangulie kulisema.

Tahasusi, yaani mchanganyiko wa masomo ya kidato cha tano, hubadilishwa kupitia mfumo wa mtandaoni wa Selform wa TAMISEMI, ofisi ya serikali inayosimamia shule, na dirisha lake hufunguliwa kwa muda mfupi. Mazungumzo na baba yasingoje mwezi ujao.

Mwalimu, nina miaka 27, niko Mtwara mjini. Nina stashahada ya mafuta na gesi. Niliingia chuo kwa sababu kila mtu alisema gesi ndiyo ajira. Nimetafuta kazi mpaka nimechoka, sasa naendesha bodaboda. Kijiweni wananiita injinia kwa sababu jioni wenzangu wananiletea pikipiki zao niwafungulie kabureta. Je, nilikosea fani?

Kijana wangu, swali lako limenigusa kwa sababu na mimi nimo ndani yake. Mwaka 2013, mji ulipochafuka kwa ajili ya bomba la gesi, niliwapa wanafunzi wangu karatasi waandike kazi wanazozitaka. Karatasi baada ya karatasi ilisema: mhandisi wa gesi. Kulikuwa na mvulana aliyeweza kuchora ghuba ya Mtwara kwa kumbukumbu tu, hadi njia ya meli kuingia bandarini, naye aliandika mhandisi wa gesi. Nikaweka alama ya vema kwenye karatasi zote. Alama ile naijutia mpaka leo. Nilipaswa kumwita mvulana yule pembeni nimuulize habari za ramani.

Hakuna aliyewaambia ninyi vijana jinsi kazi ya gesi inavyokwenda. Gesi ya Songo Songo iligunduliwa mwaka 1974, ya Mnazi Bay 1982. Ya Songo Songo ilianza kutumika 2004, na bomba la kutoka Mtwara hadi Dar es Salaam likazinduliwa 2015. Kinachomeza watu wengi ni ujenzi: wachomeleaji, madereva, wapishi, vibarua wa mitaro. Bomba likishafukiwa, mtambo wa kusafisha gesi kama ule wa Madimba unaendeshwa kwa zamu na watu wachache wanaokaa mbele ya vipimo. Ule mradi mkubwa wa kusindika gesi kuwa kimiminika kule Lindi umezungumzwa kwa zaidi ya miaka kumi. Ukija, vizuri sana. Usipange ndoa wala nyumba kwa kuusubiri.

Ulikosea? Sioni hivyo. Nadhani ulisomea ujuzi mzuri, ukafundishwa kuutafutia mlango mmoja tu. Chukua daftari uandike ulivyovishika kwa mikono yako chuoni: pampu, valvu, vipimo vya presha, usalama kazini, ripoti ya zamu. Kisha jiulize ni wapi pengine hapa kusini mtu analipwa kwa vitu hivyo. Boila ya kiwanda cha kubangua korosho ina presha na valvu zake. Mamlaka ya maji inaishi kwa pampu. Kiwanda cha saruji cha Dangote, bandari, mitambo ya umeme, kote huko kuna mtu wa matengenezo anayefanya uliyosomea, ila kwenye tangazo la kazi hakuna neno "gesi". Pengine ndiyo maana matangazo hayo umeyapita.

Halafu hizo kabureta. Wenzako wana mafundi mtaani, lakini pikipiki wanakuletea wewe. Tena umechoka na jua la kutwa nzima na bado unafungua. Mtu hafanyi hivyo kwa kitu asichokipenda. Mimi ningeanzia hapo: kozi fupi ya VETA, mamlaka ya mafunzo ya ufundi stadi, ya umeme wa viwandani au uchomeleaji, uiongeze juu ya stashahada yako, kisha uombe kazi za matengenezo. Na kuanzia kesho watoze wenzako japo kidogo. Kazi ya bure haionyeshi kama watu wako tayari kuilipia, na hilo unahitaji kulijua mapema.

Mwalimu, kuna vipimo vya kwenye simu vinavyokuambia kazi inayokufaa. Vina ukweli?

Vina ukweli wa kioo. Vingi vimetokana na John Holland, mwanasaikolojia wa Marekani, aliyetoa nadharia yake mwaka 1959. Aligawa watu na kazi katika makundi sita: wapenda vitendo, wachunguzi, wasanii, wahudumiaji wa watu, washawishi na wapenda utaratibu. Kila mtu ana zaidi ya kundi moja ndani yake, na kazi humkaa vizuri inapofanana na makundi yake makubwa. Nimeyatumia makundi hayo darasani na yanasaidia kuanzisha mazungumzo.

Shida ni kwamba kipimo kinakuuliza kama ungependa maabara au jukwaa, na wewe hujawahi kuingia hata kimoja. Utajibu kwa kubahatisha, na jibu litatoka la kubahatisha. Fanya kipimo, kisha mpe karatasi mtu aliyekulea bila kumwonyesha majibu yako, naye akujibie wewe. Mahali mnapotofautiana ndipo pa kukaa mkazungumza.

Niko kidato cha tano HGL (Historia, Jiografia na Kiingereza) huku Masasi. Wenzangu wa sayansi wanasema sisi tunasomea kijiwe. Nikate tamaa?

Usikate. Benjamin Mkapa alizaliwa Lupaso, wilaya hiyo hiyo ya Masasi, mwaka 1938. Chuo Kikuu cha Makerere alisoma Kiingereza. Akaanza kazi kama ofisa wilaya, akaingia mambo ya nje, akawa mhariri wa magazeti, na mwaka 1995 akawa Rais. Simtaji ili uote Ikulu. Namtaja kwa sababu ya hatua za katikati: kila moja ilidai mtu anayeweza kusoma jambo gumu na kuliandika likaeleweka.

Ujuzi huo ndio unaousomea, na haupatikani kwa kukariri noti. Andika. Kila wiki ukurasa mmoja, juu ya jambo la mji wako, na umpe mtu mkali asahihishe. Sheria, uandishi wa habari, ualimu, rasilimali watu, utalii wa magofu ya Kilwa, vyote viko mbele yako, lakini vinataka mtu aliyeanza kuandika kabla hajaambiwa.

Mwalimu, nachonga vinyago, babu ndiye alinifundisha. Nyumbani Newala wanasema hiyo ni kazi ya wazee, nikatafute kazi ya maana. Naipenda lakini hainilishi.

George Lilanga, mchongaji na mchoraji, alizaliwa wilaya ya Masasi mwaka 1934. Kama wewe, alijifunza kuchonga kwa wazee. Alipofika Dar es Salaam miaka ya 1970 alipata kazi Nyumba ya Sanaa, kituo cha wasanii, na kazi yenyewe ilikuwa ya ulinzi. Pale pale kipaji chake kikaonekana. Kutoka kwenye kuchonga akaongeza kuchora, na mashetani wake wenye masikio makubwa na rangi kali wakafika kwenye maonyesho ya Ulaya na Marekani.

Ninachokuomba uone ni ule ulinzi. Hakuacha kula ili achonge, wala hakuacha kuchonga ili ale. Kazi inayokulisha na kazi unayoikuza zinaweza kukaa nyumba moja kwa miaka mingi, wala hiyo si aibu. Tafuta kibarua kinachokuachia mikono na saa za jioni. Kila kinyago kipige picha kabla hakijatoka, uandike umekiuza kiasi gani na kwa nani. Na usitegemee mpingo peke yake, maana mti huo huchukua miongo mingi kukomaa na bei yake haitashuka. Ukitaka kusoma sanaa kwa cheti, taasisi ya TaSUBa kule Bagamoyo inafundisha.

Salama Mwalimu? Mwanangu wa kiume amepata sifuri kidato cha nne. Kutwa yuko na simu mbovu za watu. Anachora umbo la simu kwenye kipande cha boksi, halafu anapanga skrubu juu yake, nyumba imejaa maboksi. Baba yake anataka arudie mtihani. Mimi mama yake sijui nishike lipi. Masasi.

Salama, dada yangu. Pole kwa matokeo, najua mtaani yanavyosemwa.

Hayo maboksi yanayokuudhi naomba uyatazame tena. Skrubu za simu zinafanana kwa mbali, lakini urefu wake unatofautiana. Ukikaza ndefu mahali pa fupi unaweza kuharibu bodi ya ndani, na simu ya mtu imekufa mikononi mwako. Mwanao amelijua hilo, akajitafutia njia: kila skrubu anailaza pale pale ilipotoka. Kuna mtu alimfundisha? Kama hakuna, basi una mtoto mwenye utulivu, mpangilio na umakini wa vitu vidogo, na fundi wa vifaa vya elektroniki hulipwa kwa ajili ya vitu hivyo hivyo. Mtihani haukuwa na swali la kuvipima.

Baba yake naye hajakosea. Kurudia mtihani kuna maana kama kijana anajua alianguka wapi, na anaweza kurudia kama mtahiniwa wa kujitegemea huku mikono yake inafanya kazi. Kurudia kwa sababu ya aibu tu kutakula ada na mwaka mzima. Vyuo vya VETA vipo Mtwara na Lindi, na kozi zake nyingi za ufundi hazidai ufaulu wa kidato cha nne. VETA pia ina utaratibu wa kupima ujuzi ambao mtu ameupata mtaani na kumpa cheti. Nenda kaulize mwenyewe na kijana akiwa pembeni, azisikie sifa zinazotakiwa kwa masikio yake.

Kabla ya hapo, mtafutie fundi simu mwenye jina zuri pale mjini, mkubaliane akae naye miezi mitatu. Usimwangalie siku za raha. Mwangalie siku ambayo hakuna cha kufungua na anafuta vumbi tu, na siku mteja anapomgombeza kwa kioo ambacho hakukivunja yeye. Akirudi tena kesho yake asubuhi, hapo mna la kuzungumza.

Mnunulie na daftari. Kila simu aandike ililetwa na tatizo gani, alifanya nini, ilipona au haikupona. Zile ambazo hazikupona aandike bila kuficha. Miezi mitatu ikiisha, mpe baba yake alisome daftari hilo lote, kisha ndipo mkae wote watatu kuzungumzia huo mtihani.