Bahasha ya mzee wa kanisa na zabuni ya madarasa

Ndugu yangu, umeuliza kama ni dhambi kuchukua bahasha aliyoiacha mezani kwako mkandarasi, mzee wa kanisa lenu, akisema ni mchango wa kuezeka kanisa, ilhali wewe umo katika kamati inayotathmini zabuni yake ya madarasa. Ni rushwa. Mchango wa kanisa hupelekwa kwa mweka hazina na kukatiwa risiti. Hauletwi ofisini wiki ya tathmini. Kutoka 23:8 inasema rushwa huwapofusha waonao, na naamini upofu huo huanza pale unapozisoma kasoro za nyaraka zake kwa huruma usiyowapa wengine.

Usiirudishe kimyakimya, ipeleke TAKUKURU, taasisi ya kupambana na rushwa Tanzania, kama ilivyo, kwani Sheria ya Kuzuia na Kupambana na Rushwa ya mwaka 2007 humbana mtoaji na mpokeaji pia. Kisha mwandikie mwenyekiti wa kamati kwamba wewe na mkandarasi huyo mnasali pamoja, uombe kuondolewa katika tathmini hiyo, na ubaki na nakala yenye mhuri wa masjala. Kazi usiiache: katika Luka 3, Yohana Mbatizaji hakuwaambia watoza ushuru wajiuzulu, bali wasitoze zaidi ya walivyoamriwa.

Jumapili mtakutana mlangoni, na itauma. Msalimie.