Mjabali Atembee Masika, Kiangazi Atulie

Mhariri, swali lenu la wiki lilikuwa: mwandishi akibuni viumbe wa mawe walio hai, afanye nini ili wasionekane watu waliopakwa saruji? Kwa maoni yangu, achague jiwe la aina moja, aujue udhaifu wake, kisha tabia zote za kiumbe zitokane na udhaifu huo. Ugumu wa jiwe kila mtu anaujua, na hauzai hadithi.

Tuchukue itale, au graniti kama wengi wasemavyo, jiwe la vilima vya hapa Dodoma. Ndani yake mna madini matatu hasa: kwazi, felispa na ulanga. Viumbe wetu tuwaite wajabali.

Tuanze na uzito. Itale ni nzito kuliko maji mara 2.7 hivi. Ng'ombe wa kilo 300 ana ujazo wa karibu lita 300, kwa hiyo mjabali wa umbo hilohilo atakuwa na kilo 810. Ukimpa nyayo nne za sentimita za mraba 100 kila moja, kila sentimita ya ardhi inabeba kilo mbili. Juu ya mwamba hakuna neno, lakini kwenye mbuga ya udongo mweusi iliyolowa atazama hadi tumboni. Mpe nyayo za sentimita 20 kwa 20, mzigo ushuke hadi nusu kilo. Anayetaka jitu ajue kwamba urefu ukiwa mara mbili, uzito unakuwa mara nane na nyayo mara nne tu, hivyo mgandamizo ardhini unaongezeka maradufu.

Kwenye viungo ndipo wengi wanapoharibu. Itale huvumilia sana kugandamizwa, ila ukiivuta au kuipinda, nguvu yake haizidi sehemu ya kumi ya hiyo. Mkono mrefu ulionyooshwa utakatikia begani, na vidole vitapukutika kwa ngumi ya kwanza. Mjabali hapigi ngumi. Anaegemea, anasukuma, akizidiwa anabingirika.

Je, apinde goti kwa kitu gani? Jiwe lenyewe linatoa jibu. Felispa ikikaa na maji miaka mingi hugeuka udongo mweupe wa kaolini, basi huo ndio uwe kiungo. Udongo mtupu ukikauka hupasuka, mfinyanzi yeyote atakwambia, kwa hiyo uchanganywe na mchanga wa kwazi, sehemu moja kwa tatu za udongo. Unene usizidi sentimita tano, kwani ukizidi uzito wa juu unaukamua nje. Ukiwa mwembamba mno, jiwe linasagana na jiwe na goti linakwisha. Udongo huo unalainika ukilowa tu. Dodoma hupata mvua ya takriban milimita 600 kwa mwaka, karibu yote kati ya Desemba na Aprili. Mjabali basi anatembea miezi mitano, na miezi saba iliyobaki anakauka palepale mvua ilipomwachia, hata kama ni katikati ya shamba la uwele la mtu. Kesi za mipaka hapo hazitakwisha.

Nguvu za mwendo azipate juani. Mwili wa kilo 810 ukipata joto nyuzi 10 zaidi ya hewa unahifadhi kilojuli 6,500 hivi. Zinaonekana nyingi, lakini kwa tofauti ndogo ya joto namna hiyo haiwezekani zaidi ya asilimia mbili zigeuke kuwa mwendo. Zinatosha kumpandisha mlima mita kumi na kitu, basi, kisha asubiri jua la kesho. Wapo watakaosema uchawi hauhitaji hesabu. Mimi naona uchawi mmoja, kwamba jiwe limeamka, unatosha. Ukiongeza wa pili msomaji anaacha kuogopa chochote.

Adui wa mjabali hahitaji upanga. Wapasua kokoto huwasha moto juu ya mwamba kisha humwaga maji baridi, na mwamba unapasuka. Kwazi hutanuka kuliko felispa, na kwenye nyuzi 573 hubadilika umbo ghafla na kuvimba. Mzigo wa kuni na madumu machache ya maji vinatosha.

Kuzaliana kunahitaji uangalifu zaidi. Itale huundwa chini sana ardhini, kwa ujiuji wa moto unaopoa polepole. Juu ya ardhi haikui, inapungua tu, ikibanduka magamba. Basi mtoto awe gamba: la kilo 40, na mama abaki na 770. Akizaa kumi amefika 410, na viungo vyake sasa ni vikubwa kuliko mwili. Kila mzazi anajua idadi ya watoto anaoweza kumudu, na ukoo mzima unagawana mlima mmoja usioongezeka.

Akifa, felispa yake inakuwa udongo wa kuziba viungo vya wajukuu, na kwazi inabaki mchanga korongoni. Huko ndiko binadamu wanakochota wa kujengea. Kwazi ni karibu theluthi ya itale, kwa hiyo lori la tani saba limebeba mabaki ya wajabali zaidi ya ishirini. Mwandishi anayetafuta ugomvi wa kuanzia sura ya kwanza, aanze na lori hilo limekwama matopeni mwezi Januari, viungo vya wajabali walio hai vikiwa vimelainika.

Msomaji, Dodoma