Kabla ya kumchora ng'ombe, uliza jina lake

Nilipoanza kuchora maisha ya vijijini, nilidhani kazi yote iko kwenye picha. Nilipanda teksi kutoka Jinja, nikafika Kiruhura, magharibi mwa Uganda, nikapiga picha nyingi za ng'ombe wa Ankole kwa simu, kisha nikarudi kujifungia na rangi zangu. Nilichora jike mmoja mkubwa, pembe zake zikitanda kutoka ukingo mmoja wa turubai hadi mwingine. Pembe nilizitoa kwenye picha moja, mwili kwenye nyingine, macho kwenye ya tatu. Mjini walimsifu sana.

Baadaye nilimpelekea mzee mwenye zizi aione. Alikuwa mwanajeshi zamani, ndiyo maana tuliweza kuongea: Kiswahili chake ni cha jeshini, changu ni cha sokoni Busia. Aliitazama muda mrefu.

"Huyu ni nani?"

"Ni ng'ombe wako, mzee."

"Wangu hapana, binti yangu. Huyu hana mama."

Kauli hiyo ilinibadilishia kazi yangu, na ndiyo ninayotaka kumpa kila kijana anayeniuliza aanzie wapi. Kwa Wahima, wafugaji wa Ankole, ng'ombe hujulikana kwa rangi, kwa umbo la pembe na kwa mama aliyemzaa. Bihogo ni mwekundu wa kukolea, gaaju ni wa kahawia hafifu, na ziko rangi nyingine nyingi zenye majina yake. Mimi nilikuwa nimewapaka wote kahawia ya chupa moja. Jifunze majina hayo kabla ya kununua rangi, maana kila jina litakufundisha kuchanganya. Na usimuulize mfugaji ana ng'ombe wangapi. Kuwahesabu ni mwiko. Uliza habari za mmoja tu, utasimuliwa mpaka jua litue.

Halafu weka simu mfukoni, uamke mapema. Jambo zuri kuliko yote niliyowahi kuchora nililikuta kwenye kukamua. Ndama huletwa kwanza anyonye kidogo ili maziwa yashuke, kisha huvutwa na kushikwa karibu na miguu ya mbele ya mama yake. Mama anamlamba shingo, ananguruma polepole, na mkamuaji anaongea naye muda wote, chombo kimebanwa magotini. Chombo chenyewe, ekyanzi, ni cha mti na hufukizwa kwa moshi wa nyasi; maziwa yakiingia, harufu ya moshi inapanda. Siku hiyo nilichora vidole na ulimi wa ng'ombe tu. Pembe sikuzigusa.

Ngano nazo zisikilize palepale zinaposimuliwa. Nilikuwa nimesoma juu ya Wachwezi, watawala wa kale wanaosimuliwa katika ngano za huku, nikawachora kama wafalme wenye mikuki, na picha zikawa baridi. Kisha nikaenda Bigo bya Mugenyi, wilaya ya Sembabule, kwenye mahandaki ya kale yenye urefu wa zaidi ya kilomita 10. Husimuliwa kuwa Mugenyi, mmoja wa Wachwezi, alimpenda ng'ombe wake Bihogo hata akaapa kwamba akifa, naye atajiua. Ng'ombe akafa. Wenzake wakamzuia asitimize kiapo, na kifo hicho kikawa mojawapo ya dalili kwamba enzi ya Wachwezi imekwisha. Ukiwa umemwona mfugaji akikaa kimya kando ya ng'ombe mgonjwa, hutahitaji mkuki kwenye picha hiyo. Kule Buganda pia Kintu, mtu wa kwanza katika ngano zao, anaanza na ng'ombe mmoja tu, na ni nyuki anayemsaidia kumtambua katikati ya makundi ya Ggulu, mwenye mbingu.

Sisi wa Kiswahili tuwe waangalifu hasa na miziro ya Baganda, yaani viumbe ambavyo koo zao hujitambulisha navyo. Mteja mmoja aliniomba nimchoree mnyama wa ukoo wake, Mmamba. Nikamchorea mamba, meno nje, wiki mbili nzima. Mmamba kwa Kiganda ni kamongo, samaki wa matopeni. Yule mteja aliumia, maana muziro ni kama ndugu: humli wala humdhuru, unajitambulisha kwake. Nilichora upya bila malipo. Siku hizi namwomba mtu anielezee mnyama wake kwa maneno yake mwenyewe, hata kama nadhani namjua.

Ukitaka kuchora juu ya lubugo, kitambaa cha gome la mti wa mutuba, kipake kwanza gundi nyembamba na ukiache kikauke, la sivyo kitakunywa rangi yote. Kumbuka pia kwamba ndicho kinachotumika kuzikia, kwa hiyo kuna wazee watakaouliza kwa nini umekichukua. Uwe na jibu.

Na picha irudi ilikotoka, hata nakala ya karatasi. Nilirudi Kiruhura mara ya tatu na mchoro mdogo wa jike mmoja: bihogo, pembe ya kushoto imeinama kidogo, alama nyeupe chini ya jicho. Mzee aliushika kwa mikono miwili, akaupeleka kwenye mwanga.

"Huyu namjua," akasema. "Mama yake alikufa mwaka wa ukame."

Akakaa kwenye jiwe, fimbo magotini, akaanza kuwasifu kwa Kinyankole, mama kwanza, kisha binti, huku ng'ombe wakiingia zizini mmojammoja.