Mgeni Aingie Ndani ya Filamu: Majibu kwa Waandaaji wa Maonyesho Dodoma

Barua nyingi za safari hii zinahusu maonyesho ya filamu ambayo mtazamaji haji kukaa kwenye kiti tu. Anakuja amevaa kama mmoja wa wahusika, anakutana nao uwanjani, anapewa kazi ya kufanya, kisha ndipo filamu inaanza. Tumechagua maswali matano.

Sisi ni vijana kumi wa kikundi cha maigizo, Dodoma mjini. Tunataka kuonyesha filamu ya upelelezi kwa watu 150 kwa mtindo huo. Tuanzie wapi?

Anzeni mlangoni, maana hapo ndipo shughuli nyingi za aina hii zinapoharibikia. Mgeni mmoja akichukua dakika moja tu kukaguliwa tiketi na kupewa kadi yake, meza moja itahitaji saa mbili na nusu kuwamaliza wageni 150. Wa mwisho ataingia wakati filamu imeshaanza. Wekeni meza tatu na kazi hiyo itaisha kwa dakika 50. Fungueni saa 11 jioni. Jua la Dodoma huzama kati ya saa 12:30 na saa 1 jioni kufuatana na mwezi, na giza la kutosha picha huja kama dakika 25 baadaye. Kwa miezi ya kiangazi, saa 1:15 usiku ni wakati mzuri wa kuwasha projekta.

Kundi la Secret Cinema, lililoanza London mwaka 2007 na kuutangaza mtindo huu, hapo mwanzo lilikuwa likiuza tiketi bila kutaja filamu. Mgeni aliambiwa avae nini na afike wapi, mengine akayajua huko huko. Ninyi si lazima mfiche jina la filamu, ila shikeni hilo la kumwandaa mgeni mapema: mchezo unaanza kwenye ujumbe wa simu, siku mbili tatu kabla. Mtumieni kila mgeni jina la bandia, kazi yake, na kitu kimoja cha kubeba ambacho hakimgharimu, kama gazeti la zamani au kitambaa cheusi. Kadi ya mlangoni impe jambo la kufanya: "Mtafute muuza kahawa, mwulize gari liliondoka saa ngapi." Mgeni asiye na kazi ataenda kukaa, atatoa simu, na waigizaji wenu watabaki wanaigiziana wenyewe.

Kwa watu kumi, gawaneni hivi: watatu mlangoni, watano waigizaji, mmoja kwenye projekta na sauti, na mmoja wa kuongoza ishara. Milango ikifungwa, wale watatu wawe walinzi wa njia. Mwongoza ishara awe na karatasi yenye dakika na sekunde za filamu: dakika ya 31 na sekunde 10, taa ya polisi iwake kushoto, dakika ya 58, mwanamke apite mbio nyuma ya viti. Kanuni yetu hapa haina msamaha: mwigizaji haingii mahali ambapo watu kwenye picha wanazungumza. Chagueni sehemu za muziki au mwendo, tatu hadi tano kwa filamu nzima. Zaidi ya hapo, watu watakuwa wanageuka nyuma badala ya kutazama mbele. Fanyeni mazoezi filamu ikiwa inacheza kweli, si kwa kuhesabu kichwani.

Taa za njia ziwe chini ya goti, nyekundu hafifu, zisielekee kwenye pazia. Mgeni asiyetaka kuguswa wala kusemeshwa apewe utepe wa rangi mkononi, na kila mwigizaji aujue. Bunduki za bandia na fataki msizilete kabisa, na kituo cha polisi cha eneo lenu kipewe taarifa ya maandishi mapema. Mtu akipita barabarani akaona "utekaji" hatajua kuwa ni maigizo.

Kama mnatafuta namna ya kuwaita wageni kutoka uwanjani hadi vitini, ngoma ya muheme, ile inayopigwa na kina mama wa Kigogo, inafanya kazi hiyo kuliko kipaza sauti chochote. Walipeni wale kina mama kama wasanii wengine, na waandikeni kwenye ratiba.

Tuko Ihumwa. Pazia letu la mita 6 lilianguka mwezi Agosti ingawa tulilifunga kwa mifuko minne ya mchanga, kila mmoja kilo 25. Tulikosea nini?

Pazia la upana wa mita 6 kwa umbo la kawaida la filamu lina kimo cha mita 3.4, yaani karibu mita 20 za mraba. Hilo ni tanga la jahazi mmelisimamisha Ihumwa. Upepo wa kilomita 25 kwa saa unalisukuma kwa nguvu inayofanana na uzito wa kilo 75. Ukifika kilomita 36, nguvu inapanda hadi karibu kilo 150, kwa kuwa kasi ya upepo ikiongezeka mara mbili, msukumo unaongezeka mara nne. Tena msukumo huo uko juu, karibu mita 3 kutoka ardhini, kwa hiyo fremu inapinduliwa kama mtu anayeshikwa mabegani. Mifuko yenu ya kilo 25 kwenye miguu haikuwa na nafasi.

Fungeni kamba nne kutoka pembe za juu, mbili mbele na mbili nyuma, zishuke kwa mwinamo wa nyuzi 45. Kila kamba ishikwe na pipa la lita 200 lililojaa maji, ambalo ni kilo 200. Pipa tupu au nusu halifai: kamba inavuta kuelekea juu pia, inalipunguzia uzito, nalo linateleza. Panapo udongo mgumu, ongezeni vigingi vya nondo vya sentimita 80, vipigwe vikiwa vimelala kinyume na kamba. Funga vitambaa vyeupe kwenye kamba, maana gizani zitawakwaza watu.

Kitambaa chenyewe kisishonewe kwenye fremu. Kifungeni kwa vipande vya tyubu ya baiskeli, kila sentimita 30, jumla kama 63. Upepo ukizidi, raba zinavutika na nyingine zinakatika kabla fremu haijapinduka, na kubadilisha raba ni rahisi kuliko kumpeleka mtu hospitali. Kutoboa matundu kwenye kitambaa hakusaidii sana, kunaharibu picha tu.

Jambo ambalo wengi hawalifikirii ni mwelekeo. Wakati wa kiangazi upepo wa Dodoma hutoka zaidi upande wa kusini-mashariki. Elekezeni uso wa pazia kaskazini-mashariki, ili upepo ulipige ubavuni badala ya kifuani. Faida ya pili: mgongo wa pazia unabaki upande wa jua linapozama, kwa hiyo mwanga wa mwisho wa jioni haufifishi picha.

Mtu mmoja apewe kazi ya kuangalia upepo tu. Vumbi na makaratasi yakianza kuinuka, upepo umeshafika kilomita 20 na kitu. Akague kila kamba. Miti midogo ikianza kuyumba mizima, mnakaribia kilomita 30. Simamisheni filamu, shusheni kitambaa. Msingoje wageni walalamike.

Na vumbi hilo hilo linaua projekta. Mwagieni maji eneo lake mchana, projekta iwekeni kwenye meza ya kimo cha mita 1.5, na msafishe kichujio chake cha hewa baada ya kila onyesho. Kichujio kikiziba, joto linapanda na mashine inajizima katikati ya filamu. Kwa pazia lenu, projekta yenye mwanga wa lumeni 4,000 halisi inatosha gizani. Mkinunua, someni kipimo cha ANSI, yaani lumeni zilizopimwa kwa kanuni maalumu, kwa sababu zile namba kubwa kwenye maboksi ya projekta za bei poa mara nyingi si kipimo hicho.

Mimi ni msimulizi wa filamu kwenye kibanda umiza, Manyoni. Nimeanza kusimulia uwanjani, lakini walio nyuma wanasema sauti inachelewa na inajirudia.

Kazi yako, ndugu, ndiyo mzizi wa mtindo huu hapa kwetu: mtu hai anayeiingiza hadhira ndani ya picha. Tatizo ni mwendo wa sauti, mita 343 hivi kwa sekunde. Aliye mita 34 kutoka kwenye spika anakusikia sehemu ya kumi ya sekunde baada ya midomo kusogea. Ukiongeza spika za pili mita 20 nyuma bila kuzichelewesha, anasikia mara mbili. Kwenye mikisa ya kidijitali, ile mashine ya kuchanganya sauti, weka ucheleweshaji wa milisekunde 58 kwa spika hizo, kisha ongeza 10 ili sikio liendelee kuamini kuwa sauti inatoka kwenye pazia. Usiunganishe spika kwa bluetooth, kwani yenyewe huchelewesha zaidi ya hapo. Simama nyuma ya mstari wa spika za mbele, la sivyo maiki itapiga mluzi. Na sauti ya filamu ishuke unapoanza kusema, ipande unaponyamaza. Mtu wa mikisa akufuate kwa kidole.

Umeme ukikatika katikati ya onyesho tufanyeje?

Jumlisheni kwanza: projekta wati 350, spika mbili 600, kompyuta 65, mikisa 40, taa za LED 200. Ni wati 1,255. Jenereta ya kVA 2.5 inatosha, ikae mita 30 upande ambao upepo unaupeleka moshi mbali na watu. Projekta, kompyuta na mikisa vipitie UPS ya VA 1,000, yaani kifaa chenye betri kinachoshikilia umeme unapokatika. Itawapa dakika chache za kuwasha jenereta, na taa ya projekta haitabaki na joto bila feni. Kuna UPS zinazokataa umeme wa jenereta ya kawaida kwa sababu unayumba: zinapiga kelele na kuendelea kula betri hadi kuzimika. Jenereta ya aina ya inveta inaondoa tatizo hilo. Jaribuni mchana, mzigo wote ukiwa umewashwa.

Tunaweza kuonyesha filamu juu ya miamba ya Kolo, Kondoa? Filamu tunayo kwenye akaunti ya kulipia mtandaoni.

Miambani, hapana. Michoro ya kale iliyo kwenye miamba hiyo iko kwenye orodha ya Urithi wa Dunia tangu mwaka 2006, na vumbi la miguu mia mbili, moshi wa jenereta na mikono ya watu ni adui zake. Simamisheni pazia kwenye uwanja wa kijiji, mchana wageni wapelekwe na waongozaji wa eneo hilo kwa makundi madogo, wasiguse kitu. Julai waambieni waje na mashuka, usiku una baridi.

Akaunti ya mtandaoni ni ya kutazama nyumbani. Onyesho la hadhara linataka ruhusa ya maandishi ya mwenye filamu, chini ya Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya mwaka 1999, na filamu iwe imekaguliwa na kupangiwa daraja na Bodi ya Filamu kwa Sheria Na. 4 ya mwaka 1976. Ombeni ruhusa ya mwenye filamu kabla ya kuchapa tiketi. Kwa filamu ya Kitanzania, mara nyingi mtayarishaji anafikika kwa simu, na akikubali, mwombeni pia faili lenye sauti ya mazungumzo ikiwa imetengwa na muziki. Hilo litamrahisishia sana kazi mtu wenu wa mikisa.